Kandambili ndani ya Friji

Kwa mamlaka niliyokabidhiwa, na mbele ya mashahidi wote wenye pumzi, natangaza rasmi kufunguliwa kwa wasifu kamili wa msanii mkuu kuliko wote waliowahi kukanyaga mtaa wetu: mwanamuziki asiye na mfano, mtunzi, bingwa wa sauti za filamu, shangazi yangu wa damu. Wasomaji wote mnaombwa kusimama.

Mnaweza kukaa. Mamlaka yenyewe nilikabidhiwa na Baba baada ya mazishi. Alikuwa amesimama mlangoni, ameshika kikombe kisicho na chai, akasema, "Filamu yake ya mwisho inakaribia kuonyeshwa. Watu wapewe karatasi ya kusoma mlangoni. Andika wewe. Wewe ndiye huna kazi."

Ni kweli sikuwa na kazi. Nilikuwa nimesimamishwa shule. Shule yetu ni ya bweni, na huko kila kitu huenda kwa kengele: kengele ya kuamka, ya kula, ya kuacha kula. Mimi niliona wanafunzi wanateseka, nikapiga kengele ya chakula katikati ya mtihani wa hesabu. Darasa zima lilitoka mbio, na msimamizi wa mtihani akatoka mbele yao. Ndiyo maana naitwa Kengele, ndiyo maana Mkuu wa shule alinirudisha nyumbani, na ndiyo maana Baba, ambaye hakutaka kuniona hata kwa picha, alinipeleka kwa dada yake, alikokuwa akikaa na Bibi.

"Kaeni pamoja," alisema. "Wote wawili kazi yenu ni kupigia watu makelele."

Basi, wasifu.

Shangazi alianzia kwenye bendi ya shule, alikopewa ngoma na kufukuzwa kwa kupiga kiti. Mwalimu alipomuuliza kulikoni, alijibu kwamba kiti kina mengi ya kusema ila watu wanakikalia. Bibi, ambaye ndiye mama yake, husimulia habari hii kama mtu anayesimulia ajali. "Nilimpeleka akasome awe nesi," husema. "Akanirudia na debe."

Debe lilikuwepo kweli. Majirani walimpigia methali, eti debe tupu haliachi kuvuma, naye akawauliza, "Sasa mlitaka livume likiwa na maji?" Alipiga madebe, mabomba, cherehani isiyo na uzi. Tamasha lake la kwanza lilikuwa la milango. Alikodi ukumbi, akapanga milango mibovu aliyookota kwenye nyumba zilizobomolewa, akakaa akiifungua na kuifunga taratibu mpaka watu wakaanza kuangalia ule wa kutokea. Nusu ya wasikilizaji walikuwa wameingia kujikinga na mvua. Mzee mmoja alilala akakoroma, na mwishoni Shangazi alimwamsha, akamshukuru mbele ya wote kwa kushiriki.

Mmoja wa waliokimbia mvua siku hiyo alikuwa mwongozaji wa filamu. Alimsubiri nje.

"Dada, unaweza kunitengenezea mvua?"

"Si hiyo hapo?"

"Hiyo nimeshainasa. Inasikika kama mtu anakaanga."

Shangazi alisema hapo ndipo alipojua amepata mwenzake, kwa sababu ni kweli, mvua halisi kwenye filamu husikika kama mafuta ya moto. Akammwagia mchele kwenye sinia, juu ya taulo, na ikawa mvua. Tangu siku hiyo alimfanyia Mwongozaji kila sauti. Moto ulikuwa mfuko wa nailoni unaofikichwa. Mfupa kuvunjika ulikuwa fimbo kavu ndani ya kitambaa kibichi. Na mabusu, samahanini mliowahi kulia kwenye giza la ukumbi wa sinema, mabusu yote yalikuwa Shangazi akibusu kiwiko chake mwenyewe. Baba alipenda kusema dada yake amewabusu waigizaji wote mashuhuri bila kutoka sebuleni.

Hakuolewa. Siku moja nilimuuliza kama aliwahi kumbusu mtu. Akafikiri.

"Na kinasa sauti au bila kinasa sauti?"

Nikasema bila. Akaniambia nikamwagie maua maji.

Sasa niwafundishe jambo moja la kazi ile, maana bila hilo hamtaelewa kosa langu. Mahali pa kupigia filamu, tukio likiisha, mtu wa sauti hupaza sauti, "Chumba!" Wote waliomo husimama kama walivyo, mwigizaji na kijiko chake, fundi wa taa juu ya ngazi yake, na kwa muda mfupi hunaswa ukimya wa chumba kile. Ukimya huo baadaye hutumika kuziba nyufa kati ya maneno, kama lipu ukutani. Kila chumba kina wake. Chumba chenye mazulia si sawa na chenye saruji, na chumba chenye watu si sawa na kitupu, hata watu hao wakifunga midomo. Filamu ikiisha, wengine hutupa. Shangazi alitunza. Aliutandaza ukimya wa chumba kimoja juu ya mwingine, wa jikoni juu ya wa ofisi juu ya wa kituo cha polisi, mpaka ukaanza kunguruma, na huo ndio ukawa muziki wake wa uzeeni. Alipoupiga mbele ya watu, walikaa wakimsubiri aanze. Alipoinama kuwashukuru, mmoja akauliza kama umeme umerudi.

Jambo la pili la kazi ni friji. Friji hunguruma, kwa hiyo huzimwa kabla ya kunasa. Shida ya friji iliyozimwa ni kwamba haimkumbushi mtu. Shangazi aliwahi kuharibu nyama ya nyumba nzima ya watu, akajiwekea sheria: unazima friji, unavua kandambili moja, unaiweka ndani. Huwezi kutoka na kandambili moja. Utaitafuta, utakumbuka, utafungua, utawasha. Bibi alilalamika miaka na miaka kwamba siagi inanuka mguu. Sheria haikubadilika.

Nilipofika na sanduku langu la shule, Shangazi alikuwa ameshakonda mpaka kandambili zake zikamzidi. Zilikuwa za bluu, na ukanda wa moja ulishikwa kwa waya. Alikohoa kwa adabu, akigeukia ukutani, kama mtu anayeogopa kuharibu rekodi ya mwingine. Alikuwa anamalizia filamu ya Mwongozaji. Inahusu mzee aliyefiwa na mkewe. Mwisho wake mzee anarudi nyumbani, anakaa kwenye kiti, basi. Hasemi kitu, hakuna muziki, anakaa tu. Nyumba walimopigia ilikuwa imeshabomolewa, na ukimya walionasa siku ile uliharibiwa na jenereta la jirani.

"Tutaunasa hapa," Shangazi aliamua. "Sebuleni. Na wote tukae."

"Si mzee yuko peke yake?" niliuliza.

"Nyumba ya mfiwa haiwi tupu, Kengele. Nataka chumba kilichozoea watu."

Basi Jumapili, baada ya chakula, tulikaa. Shangazi kwenye kochi, karibu na mashine yake ya kaseti, maana kompyuta alizikataa kabisa. Bibi kwenye kiti chake. Baba, aliyekuja kuwasalimia, kwenye stuli, na funguo za gari mkononi mpaka aliponyang'anywa. Mimi sakafuni. Friji ilizimwa, kandambili ikaingia, saa ya ukutani ikatolewa ikafunikwa mito chumbani. Shangazi akainua kidole.

Kukaa kimya kwa makusudi ni kazi ngumu kuliko hesabu. Bibi alipumua kwa pua. Kochi lilijinyoosha. Karibu na mwisho, katikati ya utulivu ule mtakatifu, tumbo langu lilinguruma, ngurumo ndefu, ya kupanda na kushuka, kama mlango wa tamasha la kwanza. Baba alinikodolea macho. Mwingine mahali pa Shangazi angeanza upya. Yeye alitoa tu pumzi kwa pua, pumzi ya mtu anayezuia kicheko, akaacha mashine iendelee.

"Imekaa," alisema baadaye, akavuta mguu mmoja kwenda kwenye friji.

Hakuandika kitu kwenye kaseti zake. Iliyokamilika alikuwa akiifunga uzi mwekundu. Ile hakuifunga, kwa sababu alitaka kuisikiliza tena. Aliiacha juu ya meza.

Jumatatu, Shangazi akiwa amelala, mimi nilikuwa nimekaa bila kazi, na mtu wa aina yangu kukaa bila kazi ni hatari kwa taifa. Nikataka kumfanyia mzaha. Nikachukua kaseti mezani. Ili msiseme sikuwa mwangalifu, niliisikiliza kwanza. Nilisikiliza vizuri mwanzo wake. Haikuwa na kitu. Nikasema hii ni tupu, nikabonyeza kitufe cha kurekodi, nikaigiza sauti ya Mkuu wa shule, ile ya puani:

"Tangazo! Mwanafunzi mzee wa sebule hii, kwa kosa la kupiga kelele na viti, madebe na viwiko, unasimamishwa masomo. Utarudi na mzazi. Mzazi asiwe na debe."

Niliendelea hivyo kidogo, nikairudisha mwanzo, nikaiacha ndani ya mashine.

Jumanne aliiwasha. Mimi nilikuwa nyuma ya pazia. Alicheka mpaka akakohoa, akakohoa mpaka akakaa chini, kisha akairudisha akasikiliza tena. Nilitoka nikijisikia bingwa.

"Sauti imekaa vizuri," aliniambia. "Pua hasa." Akaifuta mashine kwa pindo la kanga yake. "Jumapili tutakaa tena."

"Kukaa wapi?"

"Hapa. Wote. Mwambie baba yako aache funguo kwenye gari."

Nikadhani amependa kukaa. Wazee hupenda kukaa.

Alhamisi alipelekwa hospitali. Ijumaa Baba alirudi na mfuko wa plastiki, ndani yake kandambili za bluu. Aliziweka kando ya mlango, sambamba, akahakikisha zimelingana. Nikaelewa. Nikasema, "Aha." Ndilo neno lililonitoka. Wengine walilia kila mmoja kwa sauti yake, mimi nikaosha vikombe. Mliowahi kudungwa sindano na daktari wa meno mnaijua hali hiyo, unagusa shavu lako na shavu halina habari. Nilikuwa hivyo mwili mzima. Jumapili tuliyoambiwa tutakaa, nyumba ilijaa watu na viti vya kuazima, na kila mtu alikaa.

Mwongozaji alikuja viti viliporudishwa. Ni mtu mrefu, akiingia huinama hata pasipo na haja.

"Ile kaseti ya ukimya," alimwambia Baba. "Aliniambia kwa simu, Jumapili ile mlikaa naye. Nyumba nzima. Filamu inangoja hiyo tu."

Nilikuwa nimebeba sinia. Sikulidondosha, na hilo ningependa liandikwe kwenye wasifu wangu mimi siku ikifika. Niliona tu, polepole, kaseti juu ya meza, bila uzi, ambayo niliisikiliza vizuri na haikuwa na kitu. Kisha nikasikia, "Jumapili tutakaa tena." Hakunigombeza. Alikuwa amepanga tu tukae tena.

"Ipo," Baba alijibu. Halafu akasema maneno mengi kuliko aliyosema wiki nzima. "Mimi nilikaa pale nawaza gari. Dada yangu yuko hapa, mimi nawaza klachi. Sasa nikijaribu kukumbuka alivyokuwa anapumua, naikumbuka klachi. Nikiisikia hiyo kaseti nitatulia." Hakulia. Alikuwa hajalia tangu hospitali, alikuwa anatembea na vikombe visivyo na chai.

"Kesho naifuata," Mwongozaji alisema, akainama, akatoka.

Kesho yake asubuhi Baba alimpeleka Bibi dukani. Nilikuwa na nyumba peke yangu. Nilijiambia kwamba ukimya ni ukimya, kwamba hata sikio la mbwa halijui tofauti. Nilifanya kila kitu kama alivyofanya. Nikaitoa saa, nikaifunika mito. Nikazima friji. Na kwa kuwa nilitaka kazi iwe ya kitaalamu, nikachukua kandambili moja kando ya mlango, ile yenye waya, nikaiweka ndani ya friji, karibu na maziwa. Nikakaa sakafuni mahali pangu, nikarekodi. Kochi halikujinyoosha. Hata tumbo lilikataa, na sikuwa nimekula. Nikaifunga kaseti uzi mwekundu, nikamkabidhi Mwongozaji mlangoni. Aliipokea kwa mikono miwili. Ile ya hotuba nilikuwa nimeshaificha kwenye sanduku la shule, chini ya soksi, mahali ambapo hata matroni haingizi mkono.

Kisha nikasahau. Si kaseti, friji. Sheria ya Shangazi ni sheria nzuri sana, ila inataka jambo moja, kwamba mwenye kandambili atatoka tena.

Siku iliyofuata Bibi alisimama jikoni.

"Nani kamwaga maji hapa? Na hii harufu ni ya nini?"

Baba alikuja, akafungua friji. Haikuwaka taa. Akaingiza mkono, mgongo ukiwa kwetu, kisha akageuka. Mkononi alikuwa na kandambili ya bluu.

"Nani ameiweka?"

Nilikuwa na majibu. Mtoto wa bweni hakosi majibu. "Labda ilisikia joto," nilisema.

Bibi alinyoosha mkono akaigusa ile kandambili, kisha akaketi.

"Hizi nilizileta mimi kutoka hospitali," Baba alisema polepole, kama mtu anayefanya hesabu ubaoni. "Niliziweka mbili. Kwa hiyo friji imezimwa baada ya mazishi. Na nyumba hii hawazimi friji kwa jambo lingine." Akanitazama. Hakuwa na hasira, na ningependelea hasira, hasira nimeizoea. "Kengele. Ulikuwa unanasa nini?"

Siku za mwizi, husema watu, ni arobaini. Mimi sikupewa hata wiki.

Nikakiri. Nilikiri nikiwa nimesimama wima, mikono nyuma, kama tunavyofundishwa, na nilisema yote: kwamba ukimya wa Jumapili niliudhani ni kaseti tupu, kwamba nilirekodi mzaha juu yake, kwamba aliyopewa Mwongozaji ni ya chumba kitupu chenye mimi, kwamba Shangazi alijua na hakusema.

"Hakusema kitu?"

"Alisema Jumapili tutakaa tena. Na kwamba uache funguo kwenye gari."

Baba alikaa kwenye stuli. Aliiweka kandambili mapajani. Nje mtu alikuwa anapiga misumari, akaacha.

"Iko wapi hiyo ya mzaha?"

"Sandukuni."

"Uliisikiliza mpaka mwisho?"

"Hapana. Niliogopa."

"Hotuba yenyewe ndefu kiasi gani?"

Nikafikiri. "Fupi kuliko za Mkuu mwenyewe."

"Na sisi tulikaa muda mrefu kuliko hotuba," Baba alisema. "Klachi niliivunja nikaifunga tena kichwani, yote." Akanyanyuka. "Ilete."

Niliporudi na kaseti, saa ya ukutani haikuwepo ukutani. Friji alikuwa ameiwasha, ikaanza kunguruma kwa bidii ya mtu aliyechelewa kazini. Akaizima tena. Akainama, akavua kiatu chake kimoja, cheusi, cha kamba, akakiweka ndani, karibu na maziwa yaliyoharibika, akafunga mlango. Bibi alikuwa ameshakaa kwenye kiti chake. Mimi nikakaa sakafuni. Kochi hakuna aliyelikalia.

Baba akabonyeza kitufe. Mkuu wa shule alitangaza, puani, kwamba mwanafunzi mzee wa sebule hii amesimamishwa masomo.

"Nani huyu mwanamke?" Bibi aliuliza.

"Mimi, Bibi," nilisema. Ilikuwa mara yangu ya pili kukiri siku hiyo, na hii ndiyo ilikuwa ngumu.

Hotuba ilikwenda mpaka mwisho, na mwisho wake haukuwa wa kuchekesha kama nilivyokumbuka. Kisha kitufe kikalia kwenye kaseti, pale nilipokizima Jumatatu ile. Kikafuata kimya. Kinaweza kuwa chetu. Kinaweza kuwa kaseti tupu. Mimi si wa kuulizwa. Baba alisogea karibu na mashine, soksi yake moja sakafuni, akainua kidole, nasi tukakaa, tukisubiri tumbo langu lingurume.